Mlingoti Mtupu Siku ya Mechi ya Nyumbani

POLISI, MJI WA RIDGEWAY, KAUNTI YA ERIE, JIMBO LA NEW YORK
MAELEZO YA SHAHIDI

Jina: Darlene Wojtasik
Umri: Miaka 58
Kazi: Mpishi wa shule ya msingi
Makazi: Mtaa wa Orchard, nyumba ya ghorofa, chumba cha juu
Mahali na siku: Kituoni Ridgeway, Jumapili tarehe 8 Desemba, jioni
Mwandikaji: Sajini M. Quiñones

Mimi ndiye niliyetajwa hapo juu. Natoa maelezo haya kwa hiari yangu kuhusu mlango wa nyumba ya Mtaa wa Steuben uliovunjwa leo mchana. Aliyeuvunja ni Curtis Bellamy, ambaye sasa mmemweka chumba cha pili. Naomba iandikwe mwanzoni kabisa kwamba Curtis si mwizi, na kwamba mimi ndiye niliyemwambia avunje.

Nina tiketi ya msimu ya mechi za nyumbani za timu yetu ya mpira wa Kimarekani. Nilirithi kiti hicho kwa marehemu baba yangu. Ni jukwaa la kaskazini, lile linalopigwa na upepo wa ziwani, safu ya juu, kiti cha saba. Kiti cha tano ni cha Curtis, fundi bomba. Kiti cha sita, katikati yetu, ni cha Mzee Gene. Tumekaa hivyo msimu baada ya msimu. Sajini ameniuliza jina la ukoo la Mzee Gene, na nilimjibu kwamba silijui. Ameniuliza tena, akanitazama kama ninamficha kitu. Silijui kweli. Ukikutana na mtu kwenye kiti, unajua anakula nini, anamtukana mwamuzi gani, mkewe alikufa lini na kwa ugonjwa gani. Jina la ukoo halikuhusu. Hata la Curtis nimelisikia leo, wakati askari wanamfunga pingu.

Msimu huu ulianza vizuri kuliko ilivyozoeleka kwetu. Mechi ya kwanza ya nyumbani, mwezi Septemba, kulikuwa na joto, Mzee Gene akaja na kofia ya majani ya marehemu mkewe, Bernadette. Tulimcheka mpaka tukashinda. Ya pili tukashinda kwenye mvua. Ya tatu tulikuwa nyuma mpaka dakika ya mwisho, watu wakaanza kutoka kuwahi magari. Mzee Gene akawaambia, "Nendeni, nendeni, mwende mkaisikilize redioni kama wajane." Tukashinda. Ya nne na ya tano vilevile. Watu hapa hawajazoea kushinda. Wakishinda mara tano mfululizo wanaanza kuogopa. Mimi mwenyewe nilikuwa nimeanza kuogopa.

Mechi ile ya tano Mzee Gene alipanda ngazi akipumzika kila baada ya hatua chache. Curtis alimbeba begi lake. Mzee alituambia kwamba daktari amemkataza ngazi, na kwamba labda mwakani atakiacha kiti chake. Nilimwambia asiniletee habari za kiti, ale soseji yake inapoa. Nilisema hivyo kwa sababu sikutaka anione nikilia.

Leo ilikuwa mechi ya sita ya nyumbani. Tulifika asubuhi kwa Bi. Lorraine, jirani wa uwanja, ambaye uani kwake tunaegesha magari sote watatu kila mechi na kuchoma nyama kabla ya mchezo. Gari la Mzee Gene halikuwepo. Bi. Lorraine alikuwa ameacha nafasi yake wazi, na ameshawafukuza watu wawili waliotaka kuegesha pale. Tuliwasha makaa, tukapika, tukala. Tuliacha fungu la Mzee Gene kwenye karatasi. Halikuguswa. Curtis alisema pengine kachelewa kwa sababu ya theluji. Nilimwambia mzee yule hachelewi. Juma lile alilomzika Bernadette alikuja kabla yetu.

Mechi ilianza saa saba mchana. Kiti cha sita kilikuwa kitupu. Kijana mmoja wa safu ya nyuma alitaka kuweka koti lake pale, Curtis akamtazama tu, kijana akaliondoa. Tulifunga mapema, uwanja mzima ukasimama. Mimi nilisimama nikakaa. Sikuona raha yoyote. Curtis naye alikuwa anatazama kiti, hatazami mpira.

Robo ya pili ilipoanza Curtis alisema, "Dada Darlene, mimi siwezi. Twende tukamtafute." Nikamwuliza tutamtafuta wapi. Akasema hajui, lakini hapa hayupo.

Tulipiga simu ya dharura. Mama aliyepokea aliuliza jina kamili na mtaa, nasi tulikuwa na jina moja na namba ya kiti. Simlaumu. Ofisi ya tiketi nao walisema hawaruhusiwi kutoa anwani ya mtu, na ndivyo inavyopaswa. Tukatoka. Sijawahi kutoka uwanjani timu ikiongoza, na mlinzi wa lango alituuliza kama kuna mtu kafa. Nilimwambia hilo ndilo tunakwenda kulizuia.

Bi. Lorraine ndiye aliyetuambia kwamba mzee anakaa Ridgeway. Alikumbuka kwa sababu mzee aliwahi kumsifia kuba la kanisa kubwa la huko, kwamba akisimama barazani kwake analiona lote. Mimi nikakumbuka bendera. Mzee Gene ana bendera ya timu aliyoshonewa na Bernadette. Asubuhi ya kila mechi ya nyumbani huipandisha mwenyewe mlingotini mbele ya nyumba kabla hajanywa kahawa, na huishusha kabla ya kulala. Siku nyingine haipandi. Alitusimulia hayo mara nyingi mno, Curtis alikuwa akimtania kwamba hata ubalozi hauna taratibu hizo.

Tuliingia Ridgeway kwa gari la Curtis. Tulipita mitaa iliyo nyuma ya kiwanda cha zamani cha chuma, ile ambayo kuba linaonekana. Siku kama ya leo kila baraza lina bendera, kubwa, ndogo, nyingine zimefungwa hata kwenye sanduku la barua. Curtis alikuwa anazihesabu nyumba zenye bendera ili aone ipi imeshonwa kwa mkono. Nilimwambia aache, tunatafuta kinyume. Kama mzee ni mzima bendera ingekuwa juu naye angekuwa uwanjani. Tutafute mlingoti usio na kitu.

Tuliuona kwenye Mtaa wa Steuben, mbele ya nyumba ndogo ya rangi ya kijani. Mlingoti mrefu, mtupu, kamba inapigapiga. Kuba la kanisa lilikuwa moja kwa moja mbele yake. Gari la Mzee Gene lilikuwa pembeni, limefunikwa na theluji, na kwenye ngazi hapakuwa na alama hata moja ya kiatu. Taa ya jikoni ilikuwa inawaka mchana.

Curtis hakushuka mara moja. Curtis ni mtu mweusi, mrefu, mwili kama friji, na alikuwa amevaa kofia ya kufunika uso kwa ajili ya baridi. Aliivua, akaiweka kwenye kiti. Akaniambia, "Wewe tangulia, ubishe. Mimi nikionekana pale mlangoni peke yangu, unajua mwenyewe itakavyokuwa." Nilijua. Nikatangulia.

Nilibisha, nikaita. Nilizunguka dirishani lakini pazia lilikuwa limeshushwa. Niliita tena mpaka sauti ikakauka. Kimya. Curtis alisema labda amepelekwa hospitali na watu wengine. Hapo ndipo nilipofanya jambo lililomfanya jirani wa ng'ambo awaambie kwamba mlevi mmoja alikuwa akipiga kelele barazani. Sikuwa nimelewa. Sajini anajua kwamba wageni wakifika jaribio la tatu, lile linaloamua kama watabaki na mpira, uwanja mzima hupiga kelele ili wasisikilizane. Mzee Gene hana tena sauti ya kupiga kelele, kwa hiyo hugonga bomba la mbele yetu kwa mkongojo wake. Mtu akisema tu "jaribio la tatu", mkono wake unakwenda wenyewe.

Niliweka mdomo kwenye tundu la barua nikapaza sauti, "Mzee Gene! Jaribio la tatu!"

Tulisikia mlio wa kugonga. Ulikuwa hafifu, wa mti kwenye bomba au kwenye mguu wa meza. Nikarudia. Ukasikika tena. Curtis alinitazama, machozi yanamlengalenga. Nikamwambia, "Vunja." Akasema, "Dada, nikivunja nimekwisha." Nikamwambia najua, nitasimama nawe. Akavunja kwa bega, mara ya pili ukafunguka. Naomba hilo liandikwe vizuri. Alijua litakalompata, akavunja.

Mzee Gene alikuwa sakafuni jikoni, karibu na bomba la kupasha nyumba joto, mkongojo mkononi. Alianguka jana jioni, akavunjika nyonga. Alikuwa amevuta kitambaa cha meza akajifunika. Midomo yake ilikuwa ya buluu. Nilimvalisha koti langu, nikapiga tena simu ya dharura, safari hii anwani nilikuwa nayo. Curtis alimshika kichwa.

Mzee alifungua macho akauliza, "Mechi ikoje?"

Nilimwambia tunaongoza.

Akasema, "Sasa mnafanya nini hapa, wapumbavu nyie?"

Curtis alicheka huku analia, na mimi pia. Askari wawili walifika kabla ya gari la wagonjwa, maana jirani alikuwa ameshapiga simu kuhusu wezi. Walimkuta Curtis amepiga magoti, wakamwamuru alale chini. Alilala. Nilipaza sauti kwamba huyo ndiye aliyemwokoa, wakaniambia nitulie. Mzee Gene alijaribu kuinua mkono lakini wahudumu wa gari la wagonjwa walikuwa wameshafika na kumfunika barakoa ya hewa. Wakamtoa mlango mmoja na Curtis wakamtoa huohuo mlango, mmoja kwenye machela, mwingine kwenye pingu. Nilipouona mlingoti ule nikakasirika, nikawaambia askari maneno ambayo sitayarudia, na ambayo naomba radhi kwayo nusu tu.

Sijui kama Mzee Gene ataishi. Sijaambiwa. Kuna mechi mbili zaidi za nyumbani msimu huu. Nimeuliza mara tatu hali yake, nikaambiwa habari hutolewa kwa ndugu. Nimesema mimi si ndugu, kwa sababu niliapa kusema kweli.

Niliyoyaona, niliyoyasikia na niliyomwagiza Curtis ayafanye ni hayo. Nimesomewa, hayakupunguzwa wala kuongezwa, nami natia sahihi.

(Sahihi) D. Wojtasik

MAELEZO YA AFISA

Baada ya kuandika hayo hapo juu nilikwenda hospitali. Mwenye nyumba, huyo anayeitwa Mzee Gene, ni Eugene Tomczak, miaka 81, mjane, hana watoto. Daktari anasema nyonga itafanyiwa upasuaji kesho na kwamba atapona. Angelala pale sakafuni usiku mmoja zaidi, asingepona. Nilipomuuliza kama anamfahamu Curtis Bellamy, alisema anamfahamu Curtis, lakini huyo Bellamy hamjui. Nilimuuliza kama anataka kumshtaki kwa mlango. Naye akaniuliza kama nina akili timamu.

Bw. Bellamy ameachiwa bila shtaka. Nimemwomba radhi.

Muuguzi alimuuliza Bw. Tomczak majina ya ndugu wanaoruhusiwa kuingia kumwona. Alifikiri kidogo, akasema anao wawili, kiti cha tano na kiti cha saba, kisha akanigeukia akaniomba nimtajie majina yao ya ukoo, polepole, ili muuguzi asiyakosee.

M. Quiñones, Sajini