Nguzo Isiyokauka

Karakana ya Waashi,
Hallvide

Kwa dada yangu Gunvor,

Salamu zikufikie huko Stockholm, wewe, shemeji na mtoto. Natumaini kifua chake kimetulia. Mimi ni mzima wa mwili. Shangazi Ragnvi naye hajambo, bado anagombana na kuku wake, na anasema zile soksi ulizomwahidi zimekuwa kama mvua ya kiangazi. Kondoo wamezaa vizuri. Mengine yasome polepole, nakuomba usiruke mstari.

Unajua kwamba tangu vuli ni mwanagenzi katika chama cha waashi wa muda. Ulinikataza, ukasema mikono yangu ni ya kalamu, nami nikadhani unanihurumia. Kazi ni ngumu ila naipenda. Mtu huja na siku alizoziishi, huzamisha mikono katika chokaa mbichi na kuzisimulia mpaka zimtoke, nasi hujenga kabla haijaganda. Huondoka hana tena siku hizo, lakini jina lake huchongwa, na kila atakayegusa jiwe lile atazihisi.

Nguzo yako ndiyo iliyobeba tao la lango. Imechongwa: Gunvor, binti aliyemuuguza baba yake. Kila asubuhi nilipita hapo nikainamisha kichwa. Maana nilijua kwamba wewe ndiwe uliyebaki na baba kule kisiwani Lammholm barafu ilipofunga bahari, na mimi, ulivyoniambia, nilikuwa bara, shuleni, sikuja. Nilipokuuliza alikufaje, ulinijibu kwamba muda ule umekwisha kuutoa, hukumbuki kitu. Kila siku ya kuwakumbuka marehemu nililia mapajani mwako nikiomba radhi, ukanipapasa nywele na kusema, yameisha, mdogo wangu, nimekusamehe.

Sasa, nguzo ile haikauki. Watu walisingizia umande wa bahari. Majira haya Bwana Botvid, fundi wetu mkuu, alinipa kazi ya kukwangua viungo vyake na kuvijaza upya. Nikajaza, kesho yake vikawa chepechepe. Wenzangu walicheka sana. Sigleif alinishauri niifunge nepi. Botvid hakucheka. Alisema chokaa hukataa kukauka kwa sababu moja tu, nayo ni kwamba muda uliomo si wa aliyeutoa. Muda, alisema, humtii anayeusimulia vizuri, lakini humtoka mwenyewe aliyeuishi. Akaniambia nivue glavu, ambazo sisi wanagenzi huvaa ili tusibebe misiba ya watu, niiguse nguzo.

Nikaigusa. Nilikutafuta humo, dada. Nilitafuta sauti yako, hata kikohozi chako. Hukuwemo. Mkono ulioshika kikombe una kovu la tanuri, na kovu hilo ninalo mimi. Baba anaita Kigogota, jina ambalo nilikuwa nimesahau kwamba liliwahi kuwa langu. Anayemwimbia vibaya hadi yeye mwenyewe anacheka kwa taabu, ni mimi. Anayemdanganya kila siku kwamba Gunvor yuko njiani, ni mimi.

Wewe ndiwe uliyekuwa bara. Ulikuja barafu ilipoyeyuka, ukaniketisha jikoni, ukaniomba nikueleze yote. Nikakueleza mpaka nikafikia siku yake ya mwisho, nikaangua kilio. Ukasema, inatosha, utamalizia kesho. Alfajiri ulishaondoka kwenda Hallvide na nilichokuwa nimekupa, na kilichobaki kikafuata kama uzi unavyovuta uzi. Sijui kipi kinaniuma zaidi, kwamba ulinichukulia baba, au kwamba ulinisamehe.

Botvid alisema maadamu chokaa ni mbichi muda unaweza kukatwa na kutoka, ila tao litashuka, na tao hilo lilijengwa na baba yake mzazi. Alinitazama, akalitazama, akasema, haya binti, kabla sijabadili nia. Nikachukua tindo. Tao limeshuka na jina lako limevunjika nalo. Hakuna aliyeumia huku.

Majira yangu ya baridi yamenirudia, pamoja na ile siku ambayo hukungoja kuisikia. Siku hiyo baba aliacha kukuulizia. Alisema anajua huji. Alisema tangu ukiwa mdogo ulikuwa ukikimbilia ghalani kondoo wakichinjwa, na kwamba mtu hachagui moyo wa kuzaliwa nao. Akanishika mkono akasema, Kigogota, mwambie dada yako sikumkasirikia hata siku moja, asije akaishi na hilo.

Ndicho nilichokuwa nimekuamkia nacho asubuhi ile. Nilikuta kitanda chako kimetandikwa.

Basi leo nimekufikishia. Mbusu mtoto. Shangazi anakusalimu sana. Salamu zangu mwenyewe sijazipata bado, kwa hiyo naandika jina tu.

Alfhild