Mwethya Umeninunia kwa Sababu ya Tangi la Kwenye Kompyuta

Nimemuua Syombua! Nimemfungia mlango akakosa hewa, na watu wa kikundi chetu cha mwethya wamesimama nyuma yangu wakiona kila kitu, na Syombua mwenyewe akiwa mmoja wao, ameshika kikombe cha chai.

Sasa ngoja nikusalimie, mpendwa Bi. Zulekha mshauri wetu, naomba msaada wako na tafadhali usikimbilie polisi kabla hujamaliza kusoma, maana Syombua yuko hai, jana tu nilimwona akishuka na punda kwenda kuteka maji, akanipita kama mtu anayepita kisiki, na hapo ndipo shida yangu ilipo.

Mimi ni mama wa huku Kilungu, jina langu usiliandike, andika tu Mama Mwongeli, yule ambaye binti yake alimaliza diploma ya kompyuta kule Kitui akawa wa pili darasa zima, na kama watu watajua ni mimi basi watakuwa wamejijulia wenyewe. Huyo Mwongeli alikuja nyumbani na kompyuta yake, na ili nisimsumbue na maswali ya ataolewa lini akaniwekea mchezo, na mchezo wenyewe uko hivi: dunia ya juu imeharibika, watu wanaishi chini ya ardhi kama mafuko, na wewe uliye nje ndiye unawaambia wachimbe wapi, walale wapi, maji yatoke wapi, hewa itoke wapi, nani apike na nani asafishe choo, na ukizembea wanakufa.

Shule niliachia darasa la saba, lakini Bi. Zulekha, sijisifu, nina kipaji. Mwongeli anasema wenzake wa chuo watu wao huisha haraka kwa kiu, nikacheka, hao si ni watoto wa bomba, mimi nimezaliwa Ukambani, najua maji ni ya kutumwa kazi mara nne kabla hujayaaga, kwa hivyo maji ya watu wangu ya kuoga nikayapeleka chooni, ya chooni nikayachuja, yaliyochujwa nikayapeleka kwa shamba la uyoga, na watu wangu wakaongezeka wakanenepa, hata Mwongeli akawapigia simu marafiki zake kuwaambia, "Mamangu ni moto." Moto! Baba Mwongeli, anaitwa Musyimi na ni mtu mpole, akaja akasimama mlangoni na sahani tupu, akaniuliza, "Hao wa chini wameshakula?" Nikamwambia wamekula wakalala. Akasema, "Basi ukipata nafasi, huku juu tuko watu wawili na paka."

Kosa langu lilianzia kwa majina. Watu wa huo mchezo wanakuja na majina ya Kizungu yasiyokaa kichwani, Mwongeli akanionyesha vile unaweza kuyabadilisha, na mimi nikawapa majina ya watu wa mwethya wetu, kile kikundi chetu cha kuchimbiana mitaro shambani kwa zamu, leo kwa huyu kesho kwa yule, kwa sababu hao ndio ninaowajua kwa kazi, na kusema ukweli niliwapanga vile ninavyowajua. Nyamai, ambaye shambani hupumzika kabla hajachoka, nilimpa kubeba udongo kutwa nzima bila kukaa, nione tu. Wavinya mpenda kuonja nikamtoa jikoni. Na Syombua, mwenyekiti wetu, jirani yangu, mjane ambaye huiweka zamu yake mwisho ili wengine wachimbiwe kwanza, mwanamke aliyempokea Mwongeli kwa mikono yake siku nilipozalia njiani nikienda hospitali, huyo nikamweka chooni. Usishangae. Choo ndicho kisima cha huko chini, na kazi hiyo singempa mtu nisiyemwamini.

Mtu mwenye akili angekaa kimya na mchezo wake. Lakini mimi na kitu kizuri hatuwezi kukaa kimya, hata parachichi zangu zikikomaa nasimama barabarani. Siku tuliyomaliza mitaro ya Mutindi nikawaita wote kwangu, nikawaambia njooni chai, mwone nilivyo gavana. Wakajaa sebuleni na matope yao. Mimi nikakaa kitini mbele ya kompyuta nimenyoosha mgongo, nikaanza kuwaonyesha vyumba, na nikawa nimesahau kabisa kwamba kila mtu ana jina lake limeandikwa juu ya kichwa.

Wavinya ana macho. Akasema, "Huyu anayesugua choo mbona ana jina la mwenyekiti?"

Wote wakainama kuangalia.

"Na huyu wa udongo ni mimi?" Nyamai akauliza.

"Hapana," Mutindi akamjibu. "Huyo anafanya kazi."

Aiya, walicheka! Na Syombua akacheka kuliko wote, akasema, "Wacheni, mimi silalamiki, huko chini angalau nina choo ndani ya nyumba."

Hapo ningefunga kompyuta niwamiminie chai ya pili. Lakini nilikuwa bado sijawaonyesha tangi, na tangi ndilo nililowaitia, nilikuwa nimelimaliza siku hiyo hiyo, kubwa, limejaa mpaka juu, maji masafi ya rangi ya mbingu. Na mimi nikiwa nalielezea hilo tangi, taa nyekundu ikaanza kuwaka, hewa mbaya imevuja mahali watu wanachimba, inakuja kwa vyumba vya kulala, nikafanya vile gavana hufanya, nikafunga mlango. Syombua alikuwa upande wa pili. Akagonga, akagonga, akakaa chini, akalala.

Mwongeli akasema, "Mama, si neno, turudi pale ulipohifadhi mchezo asubuhi, Mama Ndolo atakuwa hai." Mama Ndolo ni Syombua, Ndolo ni kijana wake wa kwanza. "Ila tangi halitakuwepo, ulilijenga baadaye."

Na mimi, Bi. Zulekha, mdomo ukatangulia kichwa, nikasema, "Tangi libaki. Mlango wa wageni utaleta watu wapya, nitachukua mwingine, tena kijana mwenye magoti."

Nilisema magoti. Goti la Syombua limevimba tangu mwaka jana, mwethya wote tunajua, na tunajua pia analificha ili mtu asimwambie apumzike.

Kwa nyuma kuna mtu alinong'ona, nadhani ni Nyamai, "Lakini kusema kweli tangi ni tangi." Hakuna aliyecheka. Syombua akaweka kikombe mezani polepole, akasema, "Asante kwa chai, Mama Mwongeli," akatoka, na wengine wakatoka nyuma yake mmoja mmoja kama watu wanaotoka matangani.

Nimejaribu. Nilimwandikia kwa simu nikamweleza kwamba ukipiga hesabu mimi niliokoa wale wengine wote, hakujibu. Nikamtuma Mwongeli na kiondo cha parachichi, zile kubwa za kuuza, akazipokea, na kiondo kikarudi kitupu. Wewe umekaa na Wakamba, unajua kiondo kikirudi kitupu umekataliwa, hata limau moja! Zamu yangu ya kuchimbiwa ilikuwa inafuata, na mitaro yangu ilibomoka mvua iliyopita, udongo ukaishia barabarani, sasa Mutindi amekuja kuniambia ati kazi ya kwangu imeahirishwa, na hakutaja siku. Akaniambia pia kwamba kwa mkutano Syombua hakunisema vibaya hata kidogo. Aliomba tu watafute kijana wa kuchukua nafasi yake, yeye anafikiria kuacha mwethya. Na akiacha, nani atamchimbia yeye?

Sasa niambie, nifute mchezo? Ama nijipe jina langu huko chini nijifungie mlango? Musyimi anasema hilo la pili lina busara. Nifanye nini ili mwethya uje kwangu mvua haijafika, na Syombua aongee nami? Na ukijibu, kama kuna nafasi, taja kwamba tangi lilikuwa kubwa, maana hakuna hata mmoja aliyelitazama vizuri.

Ni mimi Mama Mwongeli (jina usiandike), Kilungu

BI. ZULEKHA ANAJIBU

Mama Mwongeli, nimecheka mpaka mume wangu Salim akaja kuuliza kama kuna posa. Halafu nikafika kwenye magoti.

Tangi lilikuwa kubwa. Nimelitaja, sasa tuendelee.

Kucheza si kosa. Mama aliyefundisha maji ya chooni kuotesha uyoga anastahili makofi, na makofi nimekupigia hapa nilipokaa. Lakini umeniuliza mambo mawili, na tazama ulivyoyapanga: mwethya uje kwangu, halafu Syombua aongee nami. Mitaro mbele, mtu nyuma. Hata katika barua ya kuomba msaada umemfungia mlango kwa mara ya pili!

Unadhani amekasirika kwa sababu ya choo? Choo alikicheka kuliko ninyi nyote. Hata kifo angekicheka, maana anajua yeye si wa kompyuta. Kilichomuuma ni kusikia kwa sauti, mbele ya watu anaowaongoza, lile neno ambalo hujiambia kila asubuhi akilifunga lile goti kitambaa: kwamba siku yake ikifika mtachukua mwingine na kazi itaendelea. Wewe hukusita hata kidogo. Na akasikia kwamba mikono iliyompokea mwanao ikipimwa na tangi, tangi linashinda. Unapoambiwa kwamba ameomba atafutiwe kijana, hebu sikia, hayo ni maneno yako. Ameyabeba kutoka sebuleni kwako mpaka mkutanoni.

Kwa hivyo ule ujumbe wa hesabu usiutaje tena. Hakuna maiti aliyewahi kufurahishwa na idadi ya waliopona.

Leo hii, ukimaliza kusoma, nenda kwa Syombua. Nenda wewe, si Mwongeli. Usibebe parachichi, usibebe kiondo, mikono iwe mitupu ili ajue hukuja kununua kitu. Mwambie, "Nilisema vibaya, niliona tangi nikasahau mtu." Ukifika hapo, funga mdomo. Neno "lakini" likikujia, limeze. Akinyamaza, kaa. Akikupa mbaazi za kupukuchua, pukuchua wala usiulize kama amekusamehe, maana mtu hampi kazi aliyemkataa.

Na goti lake mlizungumzie mwethya mzima, bila kuficha. Mwethya gani huo unaojua kwamba mwenyekiti anaumia na kila mtu anatazama pembeni kwa heshima? Heshima hiyo ndiyo inayomwua. Kuna kamba ya kupimia mtaro, inahitaji mtu wa kuishika akiwa ameketi. Kuna watoto wa kuangaliwa, na kuna Nyamai wa kusimamiwa, ambayo ni kazi ya mtu mzima. Umewapangia kazi umati mzima chini ya ardhi, ukashindwa kumpangia jirani mmoja kiti hapa juu?

Mchezo usiufute. Rudi pale ulipohifadhi, umfufue, na tangi liende. Usimwite Syombua aje kuona, wala usimhadithie mtu, nawe najua hilo litakuwa gumu kwako kuliko kulibomoa. Utalijenga lingine. Una kipaji, umesema mwenyewe.

Sasa neno usilolitaka. Zamu yako mpe Syombua. Umeniambia yeye huwa wa mwisho, basi mara hii wa mwisho ni wewe. Jumapili hii, matangazo yakifika kanisani, simama useme kwamba zamu yako umeitoa na kazi ya Alhamisi ni kwake. Wenzako watakuja, maana waliyemgomea ni wewe, si yeye. Muthokoi upike wewe, sufuria ya watu wote, na umwachie Musyimi sahani yake kabla hujaondoka nyumbani. Ndiyo, mvua inaweza kukuta mitaro yako imebomoka vile vile, udongo wako ukarudi barabarani. Nalijua hilo nikiliandika. Ukiuona ukienda, usinung'unike mbele ya mtu yeyote.

Na ninyi watu wa mwethya wa Kilungu, najua mnasoma, kwa sababu Mama Mwongeli ameshapita nyumba kwa nyumba kuwaambia barua yake imetoka gazetini. Kununa kumetosha. Chukueni majembe, sululu na karai, mpande kwa Syombua, mtu asibaki nyumbani, na Nyamai asitume udhuru. Mnangojewa Alhamisi.