Bingwa Kapanda Nyuma

Baba Masanja,

Nyie hapo Kasokola mnaendeleaje? Huku Ikola mvua haikatiki, dagaa wanaozea mchangani.

Mwanangu wanamjua mpaka huku ziwani. Jana dereva wa bodaboda alimwambia, “Bingwa wa pikipiki nikubebe mimi? Shika usukani, na mimi nipate cha kusimulia.” Masanja, aliyekuwa anaruka vilima vya mashindano juu kuliko paa letu, akapanda nyuma. “Twende polepole, kaka,” akasema, na barabara ilikuwa tambarare. Nilikaa nyuma yake nikamshika kiuno. Yeye alimng'ang'ania dereva mpaka tunashuka.

Daktari alisema mguu umeshapona, lakini toka aanguke hajagusa usukani.

Tukirudi usimuulize atashindana lini. Muulize kama alishiba samaki. Na wewe ule, mume wangu, usinikondee.

Mama Masanja