Wameanza Juu Mno

Jumapili, usiku

Wameanza juu mno, na nilijua mara tu Yasinta, mwalimu wao wa sasa, alipofungua mdomo. Ni Misa ya Kilatini, sauti nne, niliyowafundisha mwenyewe hapa Kasulo kabla kamati ya parokia haijanivua ualimu wa kwaya kwa sababu ya ukali. Ukali! Kwaya gani imewahi kuiva kwa kubembelezwa?

Leo nilikaa benchi la nyuma na mke wangu. Wanaume wa sauti ya tatu wakaanza kukwaruza. Sikuvumilia, nikatoa "do" yangu, noti ya kuanzia, chini kuliko ya Yasinta. Kwaya nzima ikashuka, ikanifuata kama zamani. Nilifurahi, siwezi kujidanganya.

Yasinta akasimamisha wimbo. Ndiye yule niliyekuwa namfukuza mazoezini akilia. Akanigeukia mbele ya waumini wote.

"Shikamoo, mwalimu. Tunaanza upya."

Nikaitikia marahaba. Akatoa sauti yake ile ile ya juu, wakamfuata.

Walikwaruza hadi mwisho. Siogopi kwamba watashindwa. Naogopa watazoea kuimba huko juu. Mke wangu, pale pembeni yangu, aliimba wimbo wote kwa sauti ile ile ya Yasinta na hakukwama popote.