Swali Alilolimeza Hirobumi

Okutani, Shimane,
28 Novemba.

Mpendwa Dada Kinuyo,

Salamu kutoka kwenye baridi yetu hadi kwenye joto lenu la Londrina. Magoti yako yanaendeleaje? Na shemeji Mauro, kweli ameacha sigara, au anajificha nyuma ya banda? Sisi miili ni mizima. Mama anakula vizuri, na matunda ya kaki tumeshayamenya na kuyaning'iniza barazani yakauke.

Ya moyoni ndiyo mazito. Najua huko mmesikia nusunusu, na heri uyasikie kwangu.

Unayakumbuka maporomoko ya udongo ya Juni, yaliyoufukia mtaa wa chini. Walionusurika walikuwa na swali moja: nani aliruhusu malori yamwage kifusi juu ya bonde lile? Mume wangu Hirobumi alikuwa kiongozi wa upinzani. Kazi yake ilikuwa kumkabili Waziri Mkuu mbele ya nchi nzima na kumuuliza. Aliwaahidi wafiwa, tena mazishini, kwamba atauliza.

Siku ya mjadala tulikusanyika ukumbi wa mji kutazama televisheni. Nilikaa na Bi Ohata Mitsue, muuza tofu ya soya, ambaye maporomoko yalimchukulia mume na binti. Hirobumi akasimama, akaishukuru serikali kwa wepesi wake, akasema penye msiba hakuna chama. Wabunge wa chama tawala wakampigia makofi. Akaketi. Kifusi hakukitaja kabisa.

Bi Ohata hakupandisha sauti. Aliniambia, "Bi Kuwabara, wa kuitikia bungeni wako tele. Huyu wetu tulimtuma akabishe."

Dada, nilitamani ardhi inimeze. Kisha nikakumbuka nimekaa na nani, nikaona aibu hata ya kuwaza hivyo.

Aliporudi Jumamosi nilimuuliza. Akasema wakubwa wa serikali walimwalika chakula, wakaahidi nyumba mpya kwa walionusurika kabla ya theluji, mradi suala la kifusi aliache. "Nilichagua paa," akasema. "Swali halimkingi mtu baridi."

Nikamwambia, "Kujenga ni kazi yao. Kuuliza ilikuwa yako, na hakuna mwingine aliyetumwa."

Namjua mume wangu. Nyumba zilimgusa kweli, lakini pia walimwita mtu wa busara, naye jina lile likamlewesha.

Siku ya pili yake alikwenda kwa Bi Ohata, nami nikamfuata nyuma huku majirani wakifunga madirisha. Alipiga magoti kwenye sakafu ya saruji iliyolowa, paji la uso likagusa chini. Bi Ohata aliendelea kukata tofu.

"Usiniinamie mimi, Mheshimiwa," akasema. "Mimi si bunge. Nenda kaulize."

Wiki ile chama kikamvua uongozi. Wenzake vijana walisema amewauza, wala sikuwa na la kumtetea. Akabaki mbunge wa kawaida, akisubiri zamu kama wengine. Mwishowe alipewa dakika chache za jioni kwenye kamati, viti vingi vikiwa vitupu. Aliwataja marehemu mmoja mmoja kwa majina, kisha akauliza ni nani aliyeidhinisha kifusi kile. Waziri akajibu kwamba jambo linachunguzwa. Hakuna aliyepiga makofi, na televisheni haikuonyesha.

Hata hivyo kiongozi mpya, mama mmoja mkali wa Niigata, amelishika swali lile na kila kikao analirudia. Magazeti nayo yameanza kuuliza. Nafurahi, na papo hapo nasaga meno, maana lilipaswa kuulizwa tangu mwanzo na mtu wa kwetu. Nyumba zilizoahidiwa hazijachimbiwa hata msingi, na milimani theluji imeshaanguka. Tofu bado nanunua kwa Bi Ohata. Ananihudumia vizuri, ila uso hanitazami.

Uliomba Hirobumi aje ahutubie sherehe ya jumuiya yenu mwezi wa nne. Amekataa. Anasema atakuja, akipata nauli, ila akae nyuma asikilize. Tafadhali waeleze wazee wa huko bila kumpamba. Wakiuliza alikosa nini, waambie.

Msalimie shemeji Mauro, Naomi na mumewe, na Shangazi Tsuru kama bado ananikumbuka. Mababu wawalinde kwenye nchi hiyo ya mbali, na mlango wenu usikose mgeni mwema.

Mdogo wako anayekupenda, hata leo anapoona haya kuandika jina la ndoa,

Fumie