Kifua ya Tonton Saidi

Jumatano.

Bado sijamujibu Mama Zaina. Bwana yake, Tonton Saidi, ndiye alicheza maiti katika filamu yangu. Alilala ndani ya sanda, na mimi nyuma ya kamera nilikuwa nakasirika, sababu kifua yake ilikuwa inapanda na kushuka.

"Tonton, usipumue!"

Anacheka, tunaanza tena.

Juma lililopita alikufa kweli.

Leo mujane yake alikuja kumuona kwenye picha za ile filamu. Nilimuonyesha ile nzuri, yenye alitulia kabisa. Aliangalia bila machozi mpaka mwisho, kisha akashika mukono yangu.

"Bon, mutoto yangu. Sasa nionyeshe yenye anapumua."

Zile nilizifuta zote siku ile ile ya kupiga filamu. Tulikuwa tunaziita mbovu.