Siku Mbili Abha

Kwa dada yangu Wijdan,

Huku Jizan joto halijapungua, ila tu wazima. Alhamisi nakwenda Abha peke yangu, siku mbili tu, nipate baridi na usingizi. Chumba nimeshapata. Lakini begi nimelifunga na kulifungua mara tatu, maana kaka Yahya hajawahi kubaki na mama, hata dawa zake hazijui.

Jana nilimuaga mama mapema ili azoee. Akaniuliza, “Ghalia wangu anajua kwamba unaondoka?”

Dada, nilikuficha. Siku hizi hanitambui.

Nikamjibu, “Anajua, mama.”

“Basi mchukue na yeye. Amechoka yule, ila hasemi.”

Nililia jikoni. Nitakwenda. Ijumaa mpigie Yahya simu, umkumbushe dawa.

Mdogo wako,
Ghalia